Kutoa mboga Lushoto hadi Dar es Salaam bila kuzika mtaji

Kabichi ya Lushoto ikioza siku ya pili kwenye genge la Sinza au Tandika, lawama humwendea dereva au jua la Dar. Mara nyingi mzigo huo ulikuwa umeshaharibika kabla gari halijafika Mombo. Joto, maji na michubuko huingia kwenye mboga katika zile saa chache za kuvuna na kupakia, na hakuna ujanja wa sokoni wa kuviondoa baadaye. Ndiyo maana mwongozo huu unakaa zaidi shambani na kwenye bodi ya gari kuliko soko la Ilala.

Unanunua wapi, na kwa nani

Mji wa Lushoto uko Usambara Magharibi, kama mita 1,400 juu ya usawa wa bahari. Barabara yake inaachana na barabara kuu ya Segera hadi Moshi pale Mombo, inapanda Soni kwa kona mfululizo, na kutoka Mombo hadi mjini ni kilomita 30 na ushee za lami nyembamba. Usiishie mjini ukadhani umefika shambani. Viazi, kabichi na karoti za wingi hutoka juu zaidi, pande za Malindi, Shume na Lukozi, kwenye njia ya kwenda Mtae. Huko kuna vipande vya barabara ya udongo ambavyo masika, Machi hadi Mei, hugeuka utelezi. Ukipanga kupakia Lukozi wakati wa mvua, tenga siku moja ya ziada, na mkubaliane na mwenye gari mapema nani analipa gari likilala njiani.

Hii ni nchi ya Wasambaa, na kilimo chake kilikuwepo kabla ya kabichi na karoti kuletwa. Wakilindi, ukoo wa Mbegha, walitawala milima hii kutoka Vuga tangu karne ya 18, na Wajerumani walipofika waliupa mji wa Lushoto jina la Wilhelmstal. Baada yao Waingereza walijaribu kuwalazimisha watu kulima kwa matuta ya kuzuia mmomonyoko; mpango huo ulikataliwa na wakulima na ukafa miaka ya 1950. Mnunuzi anayepanda kutoka Dar aelewe hapo kwamba amri haimfikishi mbali. Panda na heshima. Jitambulishe ofisi ya kijiji kwa mtendaji au mwenyekiti, salimia wazee ipasavyo, na usianze kuzungumza bei ukiwa bado umesimama ndani ya gari. Kijiji kikishakujua, hata mzigo ukipungua msimu wa shida utapewa wewe kwanza.

Mashamba ni madogo sana. Mkulima mmoja anaweza kuwa na kipande bondeni penye maji, kingine mlimani chini ya migomba, na kila kimoja hakifiki ekari. Kujaza Fuso moja kunahitaji wakulima wengi waliovuna siku ileile, kwa hiyo utamhitaji mkusanyaji, mtu wa palepale anayejua nani ana nini na kimekomaa lini. Mlipe kwa kilo au kwa kichwa cha kabichi kilichokubaliwa baada ya kuchambua. Ukimlipa kwa gunia lililofungwa tayari, atakujazia chochote, maana umemwambia kwamba unachonunua ni gunia.

Lumbesa, mizani na ushuru

Beba mizani yako ya kuning'iniza, iliyohakikiwa na kugongwa muhuri wa Wakala wa Vipimo. Gunia la lumbesa, lile lenye kilemba cha juu kilichoshonewa nyavu, ni kosa chini ya Sheria ya Vipimo. Kikomo cha gunia la mazao ni kilo 100. Waacheni wanaosema lumbesa ndiyo faida ya mfanyabiashara. Inamwibia mkulima, na inakuumiza na wewe: gunia la kilo 130 halibebeki vizuri, wapakiaji hulitupa badala ya kulishusha, na viazi au karoti za chini hupasuka. Kwa mboga, gunia la kilo 50 hadi 60 ndilo linalofika zima.

Kuhusu ushuru wa mazao, marekebisho ya mwaka 2017 yaliushusha hadi asilimia 2 kwa mazao ya chakula na 3 kwa mazao ya biashara, na mzigo usiozidi tani moja unaovuka kutoka halmashauri moja kwenda nyingine ukasamehewa. Hii ni nafuu kubwa kwa anayeanza: mzigo wako wa kwanza uwe chini ya tani moja, uchangie gari na wenzako. Ukizidi hapo, lipia palepale unaponunua na uchukue risiti ya mashine, kisha mpe dereva nakala halisi, siyo picha kwenye simu yako iliyobaki Dar. Kumbuka upande wa Bumbuli una halmashauri yake; risiti ionyeshe ulikonunua kweli.

Kabichi

Anza na kabichi ukiwa mgeni, kwa sababu inavumilia zaidi ya nyanya na inauzika kila soko. Kichwa kilichokomaa ni kigumu. Ukikibonyeza kwa viganja viwili hakiitiki. Kinachobonyea hakijajaa, kitanyauka na kupungua uzito njiani. Kilichopitiliza hupasuka kikifika kwenye joto.

Usikate alfajiri kukiwa na umande, wala mara tu baada ya mvua. Subiri majani yakauke, kwa kawaida saa tatu au nne asubuhi kule juu, kisha ukate mfululizo na kuweka kivulini. Acha kishina cha sentimita 1 hadi 2 na majani matatu au manne ya nje. Majani hayo ndiyo yatakayopokea michubuko yote ya safari, na mwenye genge atayamenya kichwa kibaki cheupe. Wanaomenya shambani ili kupunguza uzito wa gari huokoa nauli kidogo na kupoteza kabichi nyingi.

Kagua kishina ulichokata. Ukiona mduara mweusi kwenye mishipa yake, na majani yana madoa ya njano yenye umbo la herufi V kuanzia ukingoni, huo ni ugonjwa wa kuoza mweusi unaoletwa na bakteria. Kichwa kinaweza kuonekana kizuri Lushoto na kikanuka Chalinze. Shamba lenye dalili hiyo kwa wingi liache lote, hata kwa bei ya kutupa.

Kabichi huhesabiwa kwa vichwa, shambani na sokoni. Kabla ya kukubali bei, chukua vichwa kumi kutoka pembe tofauti za shamba, pima, gawa kwa kumi. Vichwa vya kilo 2 na vya kilo 3 vikipakiwa pamoja, bei ya mzigo mzima Dar itashuka ifuate vile vidogo. Tenganisha saizi tangu shambani.

Karoti

Hapa ndipo wengi wanaporudi mikono mitupu. Wateja wa Dar wanapenda karoti iliyooshwa, inang'aa, kwa hiyo wanunuzi huosha mtoni, wanajaza kwenye viroba zikiwa bado zinachuruzika, wanafunga. Ndani ya kiroba chenye maji na joto la nyuzi 30, bakteria wa kuoza laini wanafanya kazi usiku mmoja tu. Utafungua Ilala ukute ute na harufu kali, na karoti moja mbovu inatosha kuchafua kiroba kizima. Maji ya bondeni yaliyooshewa karoti za watu wote asubuhi ndiyo yanayosambaza ugonjwa kutoka mzigo mmoja hadi mwingine.

Njia salama ni kusafirisha karoti zikiwa na udongo mkavu, kisha kuziosha Dar kwa maji safi siku ya kuuza. Kama mteja wako lazima apokee zilizooshwa, osha kwa maji yanayotiririka, upande wa juu wa mto kuliko wanapooshea wenzako, zitandaze kivulini juu ya chekecheke au magunia yaliyoinuliwa, zigeuze, na usifunge hadi zikauke kabisa, kwa muda wa saa mbili hadi tatu.

Majani ya juu yakatwe mara tu baada ya kung'oa, acha kipande kisichozidi sentimita 1. Yakiachwa, yanaendelea kunyonya maji kutoka kwenye karoti na kesho zinapinda kama kamba. Zilizopasuka, zenye miguu miwili na zenye bega la kijani uza palepale Lushoto. Nauli ya kuzipeleka Dar ni kubwa kuliko bei utakayoipata.

Nyanya na hoho

Nyanya ya kusafiri ivunwe inapoanza kuchomoza wekundu kitakoni. Ikiwa nyekundu yote, ni ya kuuzwa Lushoto au Korogwe. Ikiwa kijani isiyokomaa, itageuka rangi lakini haitapata ladha, na itasinyaa. Kata moja kuthibitisha: kama kisu kinapita juu ya mbegu bila kuzikata kwa sababu zimezungukwa na utelezi, imekomaa. Aina zenye ngozi ngumu kama Tanya na Tengeru 97 zinavumilia barabara kuliko nyingi.

Geuza nyanya utazame pale kikonyo kilipoungana na tunda. Vitundu vidogo kama vya sindano, wakati mwingine vikiwa na uchafu mweusi, ni dalili ya mdudu kantangaze. Funza wake yuko ndani na anaendelea kula safari nzima. Kwenye tenga moja chagua nyanya ishirini bila kuchagua nzuri. Tatu zikiwa na vitundu, kataa tenga. Muulize pia mkulima alipiga dawa siku gani na dawa ipi, usome kwenye kibandiko siku zinazotakiwa kupita kabla ya kuvuna. Nyanya zenye unga mweupe wa dawa iliyopigwa jana zinaenda kuliwa kachumbari na watoto wa watu. Usizinunue.

Ng'oa vikonyo, maana vikikauka vinachoma nyanya jirani. Tenga la miti limezoeleka na ni rahisi, lakini kingo zake zinakwaruza. Weka magazeti au majani makavu pembeni na chini. Kreti ya plastiki ya kilo 20 hadi 25 inagharimu mwanzoni na inahitaji mtu wa kuirudisha Lushoto, ila kwa anayesafirisha kila wiki hulipa haraka, kwa sababu uzito wa kreti ya juu unabebwa na kreti ya chini, siyo na nyanya. Jaza hadi sentimita mbili chini ya ukingo, basi.

Hoho ziache na vikonyo vyake, zikatwe kwa kisu au mkasi, zisinyofolewe. Zinapoteza maji haraka, kwa hiyo zikae juu ya mzigo lakini chini ya kivuli.

Viazi

Sugua kiazi kwa kidole gumba. Ngozi ikitoka, hakijakomaa, na kitaingia weusi kila kilipochubuka. Mkulima mzuri hukata mashina ya viazi na kusubiri kama wiki mbili kabla ya kuchimba, ngozi ikaze. Baada ya kuchimba, vikae gizani penye hewa siku chache vikauke majeraha. Vilivyoachwa juani vinaota kijani, vinakuwa vichungu na vina sumu, kwa hiyo kuvimenya juujuu tu hakutoshi.

Wauza chipsi wa Dar wanataka kiazi kikubwa, kirefu kidogo, chenye macho machache. Usikiweke kwenye friji au chumba cha baridi kali kwa wiki nzima: wanga unageuka sukari, na chipsi zinatoka za kahawia kabla hazijaiva. Kosa la pili ni kurundika magunia ukutani bila nafasi. Kiazi kinapumua, na kikikosa hewa kwenye joto moyo wake unakuwa mweusi huku nje kikiwa kizuri. Panga juu ya chaga, magunia yasizidi matano kwenda juu, acha njia ya hewa.

Plamsi, peasi na mafyulisi

Matunda haya hushuka Usambara kwa wingi kuanzia Desemba hadi Februari, na Dar yananunuliwa vizuri kwa sababu pwani hayaoti. Peasi ivunwe ngumu, iive baada ya kuchumwa; ikiivia mtini inakuwa kama unga katikati. Plamsi ichumwe na kikonyo chake na ule ukungu mweupe wa juu usifutwe, kwani ndio unaozuia tunda kukauka. Tumia boksi lenye matundu, safu mbili au tatu tu. Mafyulisi ni laini kuliko yote. Safu moja, mbili ikibidi.

Matunda yanayoiva hutoa gesi ya ethilini. Ukiyafunika turubai moja na kabichi, majani ya kabichi yanageuka njano na kudondoka. Karoti zinapata uchungu. Brokoli inafumuka maua ya njano. Gari moja linaweza kubeba vyote kama matunda yamewekwa nyuma kabisa penye upepo. Wanaopakia matunda mbele, nyuma ya kabini, wanajitafutia hasara.

Brokoli, koliflawa na letasi usiziguse kabla hujapata hoteli au duka lililokubali kupokea asubuhi ileile. Zinahitaji boksi la povu na chupa za maji yaliyogandishwa. Bila hayo brokoli haifiki siku ya pili ikiwa kijani.

Kupakia na kushuka

Gari liondoke Lushoto jioni, lifike Dar saa tisa hadi kumi na moja usiku, soko linapochangamka. Kutoka Lushoto hadi Mombo unashuka karibu mita elfu moja, na kwa kila mita elfu hewa inapanda joto nyuzi 6 hadi 7; ukishuka saa saba mchana, mzigo unaingia kwenye tanuri. Hiyo ndiyo sababu ya mabasi ya abiria kutofaa mboga za majani: yanatoka asubuhi, yanafika stendi ya Magufuli, Mbezi Luis, jua bado kali, na buti liko karibu na injini. Boksi mbili tatu za peasi ngumu, sawa.

Kabla ya kupakia, osha bodi. Gari lililobeba mbolea, samaki au mafuta wiki hiyo likatae. Chini tandaza nyasi kavu au majani ya mgomba kama kiganja kimoja kwenda juu. Vizito na vigumu vikae chini: viazi, kisha karoti, kabichi, halafu nyanya na hoho kwenye kreti. Ukibeba kabichi tupu gari zima, simamisha kreti tupu zilizobebana katikati ya bodi, sehemu mbili au tatu, ziwe bomba la kutoa joto. Rundo la kabichi linapumua na kujichemsha lenyewe. Ukiingiza mkono katikati baada ya saa sita za safari bila njia hiyo utahisi joto lake.

Turubai lifunike juu tu, likae juu ya fito lisiguse mzigo, pembeni pabaki wazi. Mvua ikinyesha shusha upande wa upepo, ikikatika pandisha. Kamba zikazwe tena Mombo, kwa sababu kona za Soni hulegeza kila kitu na kreti zinazocheza ndizo zinazosaga nyanya. Na dereva ashuke kwa gia nzito, siyo kwa kukanyaga breki hadi chini. Hili ni la usalama wa watu kwanza, mzigo baadaye.

Gari lenye uzito wa kilo 3,500 na zaidi lazima lipite mizani za barabarani. Ukizidisha uzito utasubiri, utalipa faini na kupunguza mzigo, na kila saa ya kusimama mchana ni mboga inayokufa. Pima kwa hesabu kabla ya kuondoka: idadi ya magunia mara uzito wa gunia, jumlisha na gari lenyewe.

Kuuza

Ilala na Temeke Stereo zinapokea mboga za jumla, Mabibo ina nguvu kwenye matunda, na Kisutu wapo wanunuzi wa hoteli na migahawa wanaolipia ubora. Piga simu masoko mawili siku moja kabla ya kuvuna, si baada ya kupakia. Uliza mzigo wa Iringa na Njombe umeingia kiasi gani, kwa maana nyanya za Ilula zikijaa, bei ya Lushoto inaanguka nazo. Kabichi inaweza kusubiri shambani siku tatu. Ikishakatwa, imekwisha kusubiri.

Na dalali kubalianeni kabla ya turubai kufunguliwa: ushuru wake ni kiasi gani kwa kreti au kwa gunia, na kama anaruhusiwa kuweka cha juu, yaani kuongeza bei kwa faida yake mwenyewe. Simama uone mzigo ukiuzwa, au uwe na mtu wako hapo. Wabeba mizigo walipwe kwa kreti iliyofika nzima. Wakilipwa kwa haraka yao, watatupa.

Hesabu ya faida ifanyike kwa kilo zilizouzika, siyo zilizonunuliwa. Tuseme umenunua kilo 1,000 kwa shilingi 300,000, na nauli, upakiaji, dalali na mengine yamefika 250,000. Jumla 550,000. Wengi huandika kwamba kilo imewafikia shilingi 550. Ikiwa kilo 150 zimeoza, zimenyauka au zimemenywa, zilizobaki ni 850, na kilo imekufikia karibu shilingi 647. Ukiuza 600 ukidhani unapata faida ya 50, unapoteza 47 kwa kila kilo. Pima mzigo ukishuka Dar kila safari, andika kwa kila zao na kwa kila mkusanyaji. Baada ya mizigo michache daftari litakuonyesha hasara inatoka kijiji gani, kwa gari gani, na kwa zao lipi.

Kilichobaki hadi saa nne asubuhi kipunguze bei, uwauzie mama ntilie na wenye magenge wanaopita na guta. Kabichi iliyochoka hupikwa siku hiyohiyo, na mkulima wa Lukozi bado anasubiri pesa yake iliyobaki: mtumie kwa simu kabla hujalala, ukimweleza mzigo ulifikaje na kilichokataliwa kilikuwa na kasoro gani, ili mavuno yanayofuata avune kwa kujua.